Utajuaje kama wewe ndo mwajiri wa kulipa michango WCF?

Mwenye gereji ana vijana wawili, mmoja spana mwingine rangi, ukimwambia habari za WCF anakwambia "mimi sina kampuni bana, hayo ya wenye makampuni". Hapana. Huku Tanzania Bara ukishaajiri hata mtu mmoja, Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi (ndo hiyo WCF, unalipa fidia mfanyakazi akiumia au kuugua kwa sababu ya kazi) unakuhusu, uwe na kampuni au biashara iko kwa jina lako tu. Nadhani watu wanachanganya na SDL, ile tozo ya mwajiri ya kuendeleza ufundi stadi, maana ile ndo inaangalia kama umefikisha wafanyakazi kumi, wanaibeba ile kumi wanaileta mpaka huku.

Sasa anza na huyu anayekufanyia kazi, ni mfanyakazi wako au ni mtu na biashara yake? Usikimbilie kusoma kichwa cha mkataba, wengi wanaandikishana "mshauri wa kujitegemea" wakidhani wameshamaliza. Fungua Sheria ya Taasisi za Kazi ya 2004, kifungu cha 61, kuna vigezo saba na kikiwepo kimoja tu sheria inamchukulia ni mfanyakazi mpaka wewe uthibitishe vinginevyo. Jiulize: namna anavyofanya kazi unampangia wewe? Muda wa kazi unaamua wewe? Kama ni taasisi, yeye ni sehemu yake? Miezi mitatu iliyopita amekufanyia wastani wa saa 45 kwa mwezi au zaidi? Anategemea hela yako kuishi? Vifaa unampa wewe? Anafanya kazi kwako tu?

Hiyo ya saa 45 ndo inawanasa wengi. Piga hesabu, ni saa mbili na dakika chache tu kwa siku kwa mtu anayekuja Jumatatu mpaka Ijumaa, kwahiyo dada anayekuja ofisini asubuhi kudeki na kuchemsha chai halafu saa nne anaondoka zake, mnamwita "deiwaka" na mnamlipa kwa wiki, huyo ameshaingia. Na deki na ndoo ni za ofisi, hapo tayari kigezo kingine tena. Lakini fundi AC anayekuja mara moja moja na mkoba wake, anakupa bei yake, akimaliza anaenda kwa mteja mwingine, huyo ni biashara yake, hapo we ni mteja.

Ukishajua kuna mfanyakazi, shida inayobaki ni pale mabosi wanapokuwa wengi. Hapa fuata nani alimchukua kazini na nani anamlipa mshahara. Mlinzi anayesimama getini kwako ila ameajiriwa na kampuni ya ulinzi, mwajiri ni kampuni ya ulinzi hata kama kila siku wewe ndo unamtuma akafungue geti. Umemuazima jirani yako fundi wako wiki mbili na mshahara bado unatoa wewe, ni wako bado. Meneja anayeajiri na kufukuza sio mwajiri, naye kaajiriwa kama wengine, mwajiri ni kampuni. Kwenye ujenzi ndo kuna vurugu zaidi: mkandarasi kampa kazi sapkontrakta, sapkontrakta kaleta vibarua, siku kibarua akianguka kwenye jukwaa kila mtu anamnyooshea mwenzake kidole. Kama we ndo mkandarasi, kabla hujamlipa sapkontrakta hata awamu ya kwanza mwambie akuletee cheti chake cha usajili WCF na orodha ya watu wake, akianza kuzunguka zunguka tafuta mwingine.

Ukijikuta ni mwajiri basi jisajili, mambo yote mtandaoni siku hizi. Kiwango ni asilimia 0.5 ya mishahara ya wafanyakazi wote, yaani kama kwa mwezi unalipa jumla milioni tatu, mchango ni elfu kumi na tano. Na hiyo inatoka mfukoni kwako yote, usimkate mfanyakazi hata senti, hii sio kama NSSF ambako kwenye ile asilimia 20 mnaweza kugawana kumi kwa kumi. Ukiona slipu ya mshahara ina makato yameandikwa WCF, mwambie mhasibu ayatoe na watu warudishiwe hela yao.