Kifutu, swila na koboko: namna ya kuwaweka mbali na nyumba, na la kufanya wakiuma

Nyoka haji nyumbani kumtafuta mtu. Anafuata panya, vyura, mayai na vifaranga, kisha anabaki kwa kuwa amepata pa kujificha. Ndiyo maana kumwaga mafuta ya taa, salfa au nafthalini (vidonge vya kufukuzia nondo) kuzunguka nyumba ni kutupa pesa: harufu huisha baada ya muda, na panya wako palepale. Anza na panya.

Mahindi na pumba zikae kwenye pipa lenye mfuniko, si kwenye magunia yaliyoegemezwa ukutani. Chakula cha kuku kilichobaki kizolewe kabla ya giza, na mayai yasilale bandani. Bomba linalovuja litengenezwe, maana tope huita vyura, na vyura humwita nyoka. Kisha geukia maficho. Kuni, matofali na mabati ya akiba yaliyolazwa chini ni malazi ya bure kwa kifutu. Yapandishe kwenye kichanja chenye kimo cha sentimita 30 hivi, mbali na ukuta, ili uone chini yake. Ukienda kuchukua kuni, usitie mkono mahali usipopaona; vuta kwanza kwa fimbo. Nyasi ziwe fupi. Matawi yanayogusa paa yakatwe, kwa kuwa koboko hupanda vizuri na darini hupata panya na joto.

Mlango husahauliwa sana. Mwanya wa milimita 6 humtosha panya mdogo, na apitapo panya hupita pia nyoka mchanga. Pigilia ukanda wa mpira wa tairi kuukuu chini ya mlango mpaka uguse sakafu. Matundu ya hewa na mdomo wa bomba la maji machafu yafunikwe kwa wavu wa chuma wenye macho yasiyozidi milimita 6.

Baada ya hapo, wajue watatu hawa, maana kila mmoja ana tabia yake.

Kifutu, ambaye wengine humwita moma, ni mnene na mfupi, ana kichwa kipana na alama za V mgongoni. Huuma watu wengi kwa sababu moja tu: hakimbii. Akisikia kishindo hutulia, akitegemea rangi yake ya mchanga na majani makavu. Kwa hiyo ule ushauri wa kupiga miguu chini unapotembea unafaa kwa koboko, ambaye hupenda kuondoka, lakini kwa kifutu hausaidii. Kinachosaidia ni tochi inayomulika hatua mbili mbele na viatu vinavyofunika kifundo, hata kama unaenda chooni tu.

Swila hutema sumu hadi mita 2 au 3, akilenga uso. Usiku huingia nyumbani kufuata panya na huweza kumuuma aliyelala, hasa anayelala sakafuni. Kitanda, na chandarua kilichochomekwa vizuri chini ya godoro, humzuia yeye na mbu pamoja. Sumu ikiingia jichoni, osha palepale kwa maji safi mengi kwa dakika 15 hadi 20, ukifungua kope kwa vidole, kisha nenda hospitali jicho likaangaliwe. Usilisugue, wala usitie dawa ya mitishamba.

Koboko ni mrefu, mwembamba, wa rangi ya kijivu au kahawia. Weusi unaompa jina la Kiingereza, black mamba, umo ndani ya mdomo.

Ukimkuta nyoka ndani, toa watoto, simama mbali bila kumpoteza machoni, funga mlango na uzibe chini kwa kitambaa. Mwite afisa wanyamapori wa wilaya; Kenya, piga simu KWS, shirika la wanyamapori. Wanaong'atwa wakati wa kumuua nyoka si wachache, na kichwa kilichokatwa bado huweza kuuma kwa muda. Mjusi kafiri na kinyonga hawana sumu ya kukudhuru. Waache wale wadudu.

Nyoka akiuma, ondoka alipo. Mpige picha ukiwa mbali ikiwezekana; usimfuate. Vua pete, bangili, shanga na viatu kabla uvimbe haujaanza. Mlaze mgonjwa, funga mguu au mkono kwa banzi kama uliovunjika, na usimruhusu atembee. Andika saa ya kuumwa, na kwa kalamu chora mstari pale uvimbe ulipofika; daktari atauhitaji.

Usifunge kamba. Kamba huzuia damu, na sumu ya kifutu, ambayo huozesha nyama, hubanwa mahali pamoja. Hivyo ndivyo viungo vingi huishia kukatwa. Kuchanja na kunyonya huongeza jeraha tu. Jiwe jeusi la nyoka halivuti sumu. Kwa maumivu toa parasetamoli, si aspirini wala diklofenaki, kwa kuwa sumu nyingine huharibu mgando wa damu.

Kama gari hakuna, bodaboda inafaa: mgonjwa akae katikati, mtu mwingine amshike kwa nyuma. Akitapika au akilegea, gari ni bora ili alale ubavu, lakini safari isicheleweshwe. Mmoja apige simu mbele kuuliza kituo kipi kina antivenomu, yaani dawa ya kuua nguvu ya sumu ya nyoka. Kope zikianza kushuka, sauti ikawa nzito na mate yakashindwa kumezeka, hiyo ni sumu ya koboko, jamaa zake au baadhi ya swila ikielekea kwenye misuli ya kupumua. Pumzi ikikatika, mpulizie mdomo kwa mdomo bila kuacha mpaka mfike. Mgonjwa anayesaidiwa kupumua anaweza kupona.

Antivenomu hutolewa kwa dripu, mahali penye adrenalini (sindano ya mzio mkali), kwa kuwa baadhi ya wagonjwa huishiwa nguvu ghafla kwa mzio. Mtoto hupewa kipimo sawa na cha mtu mzima, maana nyoka hakumpunguzia sumu. Soma pia karatasi ya dawa: ziko antivenomu zilizotengenezwa kwa nyoka wa India, nazo hazimfanyi kitu kifutu wa kwetu. Jina Bitis arietans likiwamo, ni kifutu. Dendroaspis ni koboko na jamaa zake. Naja ni swila, lakini jina la pili lazima liwe la swila wa Afrika, mfano nigricollis.