Mboga za kwenye foili juu ya jiko la mkaa, zisitoke mbichi wala zisigeuke uji

Samaki akishatoka soko la samaki la Deep Sea, kashaparwa magamba kashapigwa chanjo za kisu ubavuni, hapa Tanga hakuna anayehitaji kufundishwa cha kufanya. Kazi iko kwenye mboga. Samaki anakaa kwenye wavu raha mstarehe, pembeni unawekewa kachumbari na ugali, basi imetoka hiyo. Mi siku hizi mboga nazifunga kwenye foili naziweka hapo hapo kwenye wavu na samaki, na mwanzo nilichekwa sana, shemeji yangu alivyoviona vile vifurushi vinang'aa akaniuliza, "Shem, hii ni mboga au mzigo wa kupandisha basi la Dar?" Leo hii ndo wa kwanza kusogeza sahani.

Kitu cha kushika ni kimoja tu. Kile kifurushi ni sufuria yenye mfuniko, ila hujaitia maji. Maji yanatoka kwenye mboga zenyewe, chumvi inayavuta, moto unayageuza mvuke, mvuke hauna pa kutokea kwa hiyo unazunguka humo humo unaivisha mboga. Sasa ukifunga ovyo mvuke ukatoroka, utakuta chini imeungua juu mbichi. Na ukijaza mboga za majimaji tupu, nyanya na zukini na biringanya peke yake, utafungua ukute supu. Watu wengi wanaosema foili haifai wamekwama kwenye moja ya hayo mawili.

Mboga nachukua soko la Mgandini asubuhi, kabla jua halijazipiga zikalegea. Karoti, hoho na mbatata nyingi zinashuka kutoka Lushoto, ukiwahi unazikuta bado ngumu. Chagua hoho nzito mkononi, ile nyepesi imeshaanza kukauka ndani na kwenye foili itakuwa kama kitambaa.

Halafu zigawe kabla hujashika kisu. Upande mmoja ngumu: mbatata, karoti, boga, viazi vitamu. Upande mwingine laini: hoho, kitunguu, bamia, biringanya, uyoga, nyanya chungu. Mi ninavyofanya ni kufunga vifurushi tofauti, ngumu kivyake laini kivyake, zile ngumu zinatangulia jikoni. Najua wengine wanachanganya kila kitu kwa sababu kinapendeza rangi rangi, sawa, inawezekana, ila hapo kisu chako lazima kiwe na akili: karoti unaikata nyembamba sana, mshazari, mbatata unene wa kama nusu sentimita, afu hoho na kitunguu unaviacha mapande makubwa makubwa ili vijicheleweshe. Ukikata vyote saizi moja utakula hoho iliyokufa na karoti inayolia kama unatafuna penseli. Bamia usizikate kabisa, toa kile kikonyo cha juu tu bila kutoboa ndani, ukitoboa ute unatoka unagandisha kila kitu. Biringanya ikatie, inyunyizie chumvi, iache robo saa itoe maji, kamua kidogo ndo uifunge.

Viungo sasa. Kwa kifurushi cha watu wawili, yaani kama vikombe viwili vya mboga zilizokatwa, mi natia kijiko kimoja kikubwa cha mafuta, chumvi nusu kijiko cha chai, punje mbili za kitunguu saumu, tangawizi kidogo, bizari nyembamba kwa ncha ya kijiko na pilipili manga. Pilipili manga nunua punje, zile zinazotoka milimani huko Amani, uzitwange mwenyewe siku hiyo hiyo, ile ya unga iliyokaa dukani mwaka mzima inawasha tu haina harufu. Kitunguu saumu usikiponde kikawa uji, kikiwa uji kinagusa foili chini kinaungua na uchungu wake unaingia kwenye mboga yote, kikate vipande vyembamba. Na changanya kwenye bakuli kwa mkono, usije ukamwagia viungo juu ya mboga ukiwa ushaziweka kwenye foili, pale juu patakuwa na chumvi kama bahari na chini hamna kitu.

Boga na bamia mi nazipa tui zito badala ya mafuta, vijiko viwili vitatu, basi. Boga lenye tui na iliki moja iliyopondwa, ndani ya foili, ni kitu ambacho sijui kwa nini tulikuwa tunakipika kwenye sufuria miaka yote hii.

Ndimu hapana. Namaanisha kabla ya kupika hapana. Ukwaju vile vile, na nyanya usiziache zikae muda mrefu. Foili ni alumini, na alumini na vitu vichachu havipatani, ukitia na chumvi ndo kabisa. Siku moja nilijifanya mjuaji nikazilaza mboga na ukwaju na ndimu ndani ya foili tangu adhuhuri, nikasema zikolee, tunachoma jioni. Jioni nanyanyua kifurushi nakuta chini kuna vitundu vidogo vidogo kama mtu kapitisha sindano, foili imepiga weusi, rojo lote linachuruzika kwenye makaa, moshi mpaka kwa jirani, na mboga zenyewe zina ladha kama umelamba kijiko cha bati. Tangu siku hiyo ndimu inakamuliwa mezani.

Bibi yangu angeniambia shida yote ya nini wakati mgomba uko nyuma ya nyumba, na angekuwa na haki yake. Kwa hiyo siku hizi natumia vyote viwili: nachukua jani la mgomba, natoa ule uti wa kati, nalipitisha juu ya moto upande huu na upande huu mpaka ligeuke kijani cha kung'aa na kulainika (usipolipitisha motoni litapasuka ukilikunja), nalitandika ndani ya foili ndo mboga zinakaa juu yake. Mboga hazigandi, haziungui haraka, na ule uchachu kidogo wa nyanya haugusi alumini moja kwa moja. Na harufu yake jamani, ukifungua unajua kabisa umepika pwani.

Foili yenyewe za madukani kwetu nyingi ni nyembamba, ukiikwangua na ukucha inachanika. Tumia mbili mbili. Kata vipande kama urefu wa kuanzia kiwiko mpaka ncha za vidole, weka kimoja juu ya kingine. Watu wanabishana upande wa kung'aa ukae ndani au nje, msipoteze muda, hauna tofauti yoyote jikoni. Kule kiwandani mwishoni wanapitisha karatasi mbili kwa pamoja kwenye rola, pande zilizogusa rola zinang'aa na zile zilizogusana zinafifia, hiyo tu ndo habari yake.

Mboga ziweke katikati, ziwe zimetandazwa, kimo kisizidi vidole viwili. Ukirundika mlima wa katikati hautaiva. Nyanyua kingo mbili ndefu zikutane juu, zikunje pamoja kama unavyokunja mdomo wa pakiti ya unga, mara mbili, ila usikunje mpaka ukazigandamiza mboga, acha nafasi juu, mvuke unataka pa kuchezea. Afu ncha za pembeni nazo kunja mara mbili kwa kwenda juu. Ile mikunjo yote iwe juu, isiwe chini wala ubavuni, la sivyo mafuta yatachuruzika na moto utawaka hapo hapo.

Moto ndo wa kuusubiri. Mi nawashia vifuu vya nazi kwa sababu vinashika haraka, ila vifuu vina moto wa hasira, vinawaka vikali na kuisha upesi, kwa hiyo ni vya kuwashia mkaa tu, usipikie. Subiri mpaka makaa yote yapate jivu jeupe na ndimi zimekwisha. Weka kiganja juu ya wavu, ukiweza kuhesabu mpaka nne au tano taratibu ndo unatoa mkono, moto wako uko sawa. Ukitoa kwenye mbili, yatawanye makaa. Na kusi ikivuma jioni pale uani kwetu makaa yanawaka upande mmoja tu kama yana chuki, basi inabidi uweke kizuizi, sisi tunasimamisha bati bovu, au uwe unageuza geuza vifurushi nafasi. Mvua ikikukuta usije ukaingiza jiko ndani ukafunga mlango, ile hewa ya mkaa haina harufu na inaua watu kweli, bora ule umechelewa.

Zile ngumu ziende nusu saa, ukizigeuza mara moja katikati, taratibu na koleo pana, sio uma, uma unatoboa. Laini dakika 12 mpaka 15 na sizigeuzi kabisa. Samaki mkubwa kama changu wa saizi ya sahani mi namweka vifurushi vya mbatata vikiwa vimeshakaa kama dakika kumi, tunamaliza wote pamoja.

Huku unasikiliza. Dakika za kwanza kimya. Afu inaanza chwii chwii ndogo, kifurushi kinavimba kidogo kama mandazi, hapo ujue mvuke umeshika kazi. Ile sauti ikibadilika ikawa ya kukaanga, kavu, tatata, maji yanaisha, sogeza pembeni haraka. Kama una wasiwasi na mbatata chukua njiti ya mshikaki choma kutokea juu, foili na yote, ikizama bila kusukuma epua. Katundu kamoja huko juu hakaharibu kitu kama mwisho umeshafika.

Kufungua usiinamishe uso. Mimi nilishaungua kidevu kwa ulafi, mvuke wa kifurushi unatoka wote kwa mkupuo mmoja na unaunguza vibaya. Kiepue, kiache dakika mbili, chana juu kwa kisu huku umejitenga, watoto wakae mbali, afu ndo ufunue. Ukitaka mboga zipate rangi zaidi, ukishafunua kirudishe kwenye wavu hivyo hivyo kikiwa wazi dakika tatu nne, maji yanakauka na chini panapata ule ukaukau wa kahawia, mi nafanya hivyo kwa mbatata kila mara, kwa bamia sijawahi kuona faida.

Hapo sasa ndo ndimu yako, kotmiri iliyokatwa, na pilipili mbuzi kwa anayeiweza. Msile kila mtu kwenye foili yake eti kwa sababu tu sahani hazitoshi, wageni huwa wanapenda, ila kisu kikikwaruza foili unaweza ukatafuna kipande, na mwenye jino lililozibwa kwa madini atakumbuka siku hiyo.

Foili ikishatumika usiitupe kwenye makaa, haiungui, utaikuta kesho kwenye majivu imejikunyata. Na mboga zilizobaki zitoe kwenye foili uweke kwenye bakuli la mfuniko, hasa kama ushakamulia ndimu. Asubuhi katakata, zitupie kwenye kikaango na mayai mawili, chapati ya jana ipo, chai ipo. Kwetu hapo mbatata huwa zinagombaniwa, kwa hiyo bakuli moja nalificha toka usiku nyuma ya dumu la maji.