Namna ya Kumwombea Mfungwa Ruhusa ya Kumwona Ndugu Aliye Mahututi

Mama amelazwa Hospitali ya Rufaa ya Kanda Mbeya akiwa na hali mbaya, na mwanawe anatumikia kifungo katika Gereza la Ruanda, ndani ya jiji hilo hilo. Familia zikifika hapo huanza kuulizia parole, na kwa kufanya hivyo hupoteza siku ambazo mgonjwa hana. Parole iliyowekwa na Sheria ya Bodi za Parole ya mwaka 1994 ni mfungwa kumalizia sehemu ya kifungo chake nje kwa masharti, baada ya suala lake kupita katika bodi ya mkoa na ya taifa, kwa hiyo haikuwekwa kwa ajili ya dharura. Mnachopaswa kuomba ni ruhusa ya saa chache chini ya ulinzi, na ombi hilo lianze kwa Mkuu wa Gereza.

Hakikisheni kwanza kwamba ndugu yenu ni mfungwa. Mahabusu anashikiliwa kwa amri ya mahakama, hivyo suala lake lipelekwe katika mahakama iliyomweka rumande, na kama kosa lake lina dhamana, ni afadhali nguvu zenu ziende huko.

Hati yenye uzito kuliko zote ni barua ya daktari anayemtibu mgonjwa. Kadi ya kliniki au picha ya mgonjwa iliyopigwa kwa simu haitoshi. Mwombeni daktari aandike, kwa karatasi yenye muhuri wa hospitali, kwamba mgonjwa ni mahututi, amelazwa wodi gani, kama anaweza kusafirishwa au la, na kama kuchelewa kwa siku chache kunaweza kumnyima nafasi ya kuonana na ndugu yake. Jina la ugonjwa si lazima litajwe. Hilo ni siri ya mgonjwa, na litajwe kwa ridhaa yake tu. Kama mfungwa ndiye mzazi pekee wa mtoto anayesubiri upasuaji, barua ieleze hivyo waziwazi, maana hapo anahitajika kutoa idhini.

Barua ya pili itoke kwa mtendaji wa mtaa au kijiji, ithibitishe undugu. Anayeitwa mama mdogo au baba mkubwa kwetu ni mzazi kamili, lakini ofisa asiyeijua familia yenu atahitaji kuelezwa ni nani aliyemlea mfungwa.

Kisha andikeni ombi lenyewe, ukurasa mmoja, na muombe kidogo. Mkuu wa Gereza anapolisoma anawaza gari, mafuta, askari wa kusindikiza na usalama wa barabarani. Ombi la saa mbili mchana, wodini, ni rahisi kukubalika kuliko la kulala nyumbani. Mfungwa akiwa Iringa na mgonjwa akiwa Mbeya, safari ni ya zaidi ya kilomita 300 kwenda tu. Katika hali hiyo ombeni pia, katika barua hiyo hiyo, kwamba safari ikishindikana aruhusiwe angalau kuzungumza na mgonjwa kwa simu. Mnaweza kuandika hivi:

"Tunaomba ndugu yetu aruhusiwe, chini ya ulinzi mtakaoona unafaa, kumwona mama yake mzazi aliye mahututi. Tunarejea Kanuni ya 70 ya Kanuni za Nelson Mandela."

Kanuni hizo zilipitishwa na Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa mwaka 2015, na ya 70 inasema mfungwa aarifiwe mara moja ndugu wa karibu anapougua sana, na hali ikiruhusu aidhinishwe kwenda kumwona, akisindikizwa au peke yake. Hazina nguvu ya sheria ya nchi, lakini kuzitaja kwa adabu kunaonyesha kwamba hamwombi jambo geni.

Pelekeni nakala mbili, na moja igongwe muhuri wa kupokelewa. Msimpe mtu yeyote fedha ili "kuharakisha". Ni kosa, na linaweza kumwongezea ndugu yenu matatizo. Mkikataliwa, ombeni sababu kwa maandishi, kisha mwandikieni Mkuu wa Magereza wa Mkoa. Msaidizi wa kisheria, anayetambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, anaweza kuwasaidia kuandika bila malipo.

Ruhusa ikitoka, waambieni wauguzi mapema, na ndugu wengine wabaki nje ya wodi. Mfungwa asipewe simu, fedha wala kifurushi bila askari kuona, hata kama ni ndizi alizopikiwa na shangazi yake.