Kupanga chuo cha Kurani cha jioni kwa watoto wa shule

Saa 10:30 hadi saa 12 jioni zinatosha, mradi mwalimu mmoja asipewe zaidi ya watoto 15. Kila mtoto hupata dakika 5 za kusoma mbele ya mwalimu. Hizo ni dakika 75, na zinazobaki ni za dua na akhlaki (tabia njema). Wakizidi, gawa kwa zamu. Kuwasomesha wote kwa pamoja ni kujidanganya: wanaojua hufunika sauti za wasiojua.

Anza na herufi 28 za Kiarabu, kisha alama za irabu a, i na u (fataha, kasra na dhuma), ndipo sukuni (herufi isiyo na irabu) na shadda (herufi inayokazwa). Kosa kubwa ni mtoto kukariri ukurasa kwa mfululizo. Mpime kwa kadi yenye tundu linaloonyesha herufi moja, ukianzia chini. Kaa zaidi kwenye herufi zinazokaribiana sauti: ha mbili, sini na swadi, kafu na qafu.

Juzuu Amma, sehemu ya mwisho ya Kurani, ina sura 37. Anzeni na An-Nas, sura ya mwisho, mkipanda. Aya 3 mpya kwa siku, na Jumamosi iwe ya kurudia tu. Wiki za mitihani ya shule, msiongeze aya mpya. Na bakora? Iacheni, mtoto mwenye hofu hubana koo, na makharija (mahali herufi zinapotamkiwa) huharibika.