Kupima H. pylori kwa kinyesi: kazi kubwa iko kabla ya maabara

Majibu mengi ya uongo ya kipimo hiki cha H. pylori, bakteria wa vidonda vya tumbo, hayasababishwi na kipimo chenyewe. Husababishwa na dawa ambazo mtu amekuwa akizimeza wiki chache kabla ya kuleta sampuli. Kwa hiyo naanza mbali na kikopo, na ninazungumza na wote wawili: anayeleta sampuli na anayeipokea.

Kabla hatujaanza: ukitapika damu, ukipata choo cheusi kama lami, ukipungua uzito bila sababu, chakula kikikwama unapomeza, au ukiambiwa una upungufu wa damu, usihangaike na kikopo kwanza. Muone daktari. Huenda ukahitaji kupimwa kwa kamera tumboni.

Hatua ya 1: Hakikisha ni kipimo cha antijeni

Helicobacter pylori hujificha kwenye ute unaofunika ukuta wa tumbo. Barry Marshall na Robin Warren walifanikiwa kumwotesha mwaka 1982 huko Perth, Australia, na mwaka 2005 wakapewa Tuzo ya Nobel; kabla yao lawama za vidonda vya tumbo zilitupiwa zaidi mawazo na vyakula vikali. Protini za bakteria huyu hutoka tumboni, zikapita kwenye utumbo hadi kwenye kinyesi. Hizo ndizo antijeni tunazozitafuta. Zikionekana, maana yake bakteria yupo sasa.

Kipimo cha damu ni habari nyingine. Kinatafuta kingamwili, yaani protini ambazo mwili hutengeneza kupambana na bakteria, nazo hubaki mwilini miezi, hata miaka, baada ya bakteria kuisha. Kinaweza kukuambia kuwa mliwahi kukutana, lakini hakijui kama bado mko pamoja. Fomu ikiandikwa “H. pylori” tu, uliza: damu au kinyesi? Ukipewa nafasi ya kupimwa kwa pumzi, nacho ni kipimo kizuri, na masharti yake ya dawa ni haya haya yafuatayo.

Hatua ya 2: Dawa

Hapa usipite haraka.

Omeprazoli na ndugu zake, dawa zinazozuia tumbo kutengeneza asidi (esomeprazoli, pantoprazoli, lansoprazoli, rabeprazoli) ziachwe wiki 2 kabla ya kipimo. Antibayotiki ziwe zimeisha wiki 4 kabla, hata kama ulizitumia kwa jino, kikohozi au mkojo. Dawa zenye bismathi pia wiki 4.

Sababu ni kwamba dawa hizi humpunguza bakteria bila kummaliza. Antijeni zinashuka chini ya kiwango ambacho kipimo kinaweza kukiona, jibu linatoka “hasi”, na mtu anarudi nyumbani na ugonjwa wake. Kidonda kinachovuja damu nacho kinaweza kuleta jibu hasi la uongo.

Lakini usijiachishe dawa kienyeji. Kuna watu wamepewa omeprazoli kulinda tumbo kwa sababu wanatumia aspirini au dawa za kuzuia damu kuganda, na wengine walishawahi kutokwa na damu kwenye kidonda. Hao wazungumze kwanza na daktari aliyewaandikia. Kiungulia kikikusumbua katika wiki hizo mbili, dawa za kawaida za kutuliza asidi hazina shida.

Na kama mtu ameshapima akiwa bado anameza omeprazoli? Jibu chanya, kwa kawaida, nitaliamini. Jibu hasi silihesabu. Aache dawa, arudi.

Hatua ya 3: Chukua sampuli

Huhitaji kufunga kula. Tumia kikopo kikavu, safi, chenye kifuniko. Kojoa kwanza, kisha pata choo juu ya chombo kikavu au nailoni safi, kwa sababu kinyesi kilichochanganyika na mkojo au maji ya chooni hakifai. Chota kidogo kutoka sehemu tatu tofauti, jumla kiasi cha punje ya karanga. Kujaza kikopo hakumsaidii mtu yeyote, na anayekifungua huwa hafurahi. Kama unaharisha maji matupu na hali si ya dharura, subiri choo kishike, maana maji hupunguza antijeni.

Andika jina, tarehe na saa kwenye kikopo chenyewe. Kifuniko huhama.

Hatua ya 4: Fikisha

Siku hiyo hiyo ndiyo bora. Ikishindikana, weka kwenye friji, nyuzi 2 hadi 8. Vipimo vingi vinakubali hadi saa 72. Zaidi ya hapo maabara igandishe. Usitie fomalini wala kihifadhi kingine.

Hatua ya 5: Mezani (kwa mtu wa maabara)

Muulize mgonjwa kuhusu dawa kabla ya kuvaa glovu, na uandike jibu lake kwenye fomu.

Sampuli na kaseti (kibao kidogo cha plastiki kinachoonyesha jibu) vifikie joto la chumba. Fungua pakiti ya kaseti dakika ya mwisho, kwa sababu unyevu huiharibu. Choma kinyesi sehemu kadhaa kwa kijiti cha chupa ya bafa (maji maalumu ya kipimo), funga, tikisa vizuri, acha mabonge yatue. Kisha weka matone kwa idadi inayotajwa kwenye karatasi ya kipimo chako, mara nyingi 2 au 3. Kinyesi kizito kupita kiasi huziba njia na kaseti inakwama nusu.

Washa saa. Vipimo vingi husomwa kwenye dakika 10 au 15, na kila karatasi inataja muda ambao baada yake hupaswi kusoma tena. Kaseti iliyosahaulika mezani huweza kuchora mstari wa pili ambao haukuwepo.

Hatua ya 6: Soma

C ni mstari unaothibitisha kuwa kipimo kimefanya kazi, T ni mstari wa jibu. C peke yake: hasi. C na T: chanya, hata T ikiwa hafifu, mradi umesoma ndani ya muda. C isipotokea, kipimo kimeharibika. Rudia kwa kaseti mpya. Usiandike “chanya kidogo”, kwa sababu daktari hana tiba ya kidogo.

Hatua ya 7: Rudi baada ya matibabu

Wengi huishia kwenye dozi. Maumivu yakipoa wanaona wamepona, ilhali tumbo huweza kutulia huku bakteria bado yupo, hasa akiwa sugu kwa klarithromaisini, mojawapo ya antibiotiki za tiba hii. Pima tena wiki 4 au zaidi baada ya kumaliza antibayotiki, ukiwa umeacha omeprazoli wiki 2. Tumia kinyesi au pumzi. Cha damu kitaendelea kusema “chanya” hata kwa aliyepona, na kuna watu wameanzishiwa dozi ya pili kwa sababu hiyo tu.