Namna ya kusoma rekodi ya staa wa NFL wa zamani, tumtumie Jim Brown

Kila ubishi wa raningibeki gani mkali kuliko wote NFL, ligi ya futiboli ya Kimarekani, ukianza (raningibeki ndo yule anayepewa mpira akimbie nao), lazima atokee mtu kafungua jedwali la yadi walizokimbia, anaona juu ya Jim Brown kuna majina kibao, anasema huyo mzee mnamkuza tu. Sasa jedwali la zamani halisomwi hivyo jamani.

Jumla iache kwanza. Anza kuangalia msimu ulikuwa na mechi ngapi, maana Brown anaingia timu ya Cleveland Browns 1957 zilikuwa 12 tu, 1961 zikawa 14, 1978 zikapanda 16, na tangu 2021 ni 17, kwahiyo kijana wa leo kwa misimu michache tu ana mechi nyingi ambazo mzee hakuwahi hata kupewa nafasi ya kuzicheza.

Afu chukua kikokotoo cha simu ugawanye. Yadi 12,312 kwa mechi 118 unapata 104.3 kila mechi, na hizo 118 ni zote, miaka 9 hakukosa hata moja, na muda wote huo majitu yanamrukia. Barry Sanders, raningibeki mwingine moto wa kuotea mbali, aliishia 99.8. Fanya hivyohivyo kwa msimu mmojammoja. Brown 1963 alikimbia 1,863, Eric Dickerson 1984 akaweka rekodi ya 2,105, ukitazama juujuu unaona Dickerson kamuacha mbali, ila mmoja kacheza 14 mwingine 16, gawanya uone, Brown 133.1, Dickerson 131.6. Na usishangilie mapema, O.J. Simpson 1973 alipata 2,003 kwa mechi 14, hapo Brown kapigwa wazi.

Baada ya hapo angalia yadi kwa kila mbio. Brown ana 5.2. Kwa mgeni wa huu mchezo inaonekana kitu kidogo, lakini timu inapewa majaribio manne kusogea yadi 10, sa mtu ambaye kwa wastani kila ukimpa mpira anakuletea tano na kidogo, mara mbili tu mmeshafika, na difensi nzima inajua ni yeye anapewa na bado haimzuii.

Kipimo ninachokiamini mimi kuliko vyote ni kumpima na watu wa enzi zake, maana wote walikuwa na mechi zilezile, sheria zilezile, viwanja vya matope vilevile. Brown aliongoza ligi kwa yadi za kukimbia misimu 8 kati ya 9, ule mmoja, 1962, ukaenda kwa Jim Taylor wa Green Bay. Hapo hata kikokotoo hakihitajiki.

Jihadhari na safu zilizo tupu. Super Bowl, ile fainali ya ubingwa, ya kwanza ilichezwa Januari 1967 na Brown alishastaafu, kwahiyo ukiona sifuri usimuite mtu asiye na kombe, ubingwa wa NFL wa 1964 anao, waliifunga Baltimore Colts 27-0. Hivyohivyo kwa watu wa difensi, sacks, yaani kumuangusha kwotabeki kabla hajarusha mpira, zilianza kuhesabiwa rasmi 1982.

Ukikuta kazi imekatika ghafla usikimbilie kusema jeraha. Brown aliacha 1966 akiwa na miaka 30, katoka kuongoza ligi, alikuwa Uingereza anaigiza filamu, shughuli ikachelewa, mwenye timu Art Modell akatishia kumpiga faini kwa kuchelewa kambini, jamaa akajibu kwa kutangaza kustaafu. Na nje ya uwanja soma yote, 1967 aliwaita wanamichezo weusi Cleveland kukaa na bondia Muhammad Ali aliyekataa kwenda jeshini, lakini pia kulikuwa na kesi za ukatili kwa wanawake, na 1999 alipatikana na hatia ya kuharibu gari la mkewe. Vyote viweke.

Ukitaka zoezi la kujipima mchukue Marion Motley, mkimbiaji aliyemtangulia Brown hapohapo Cleveland. Misimu yake minne ya mwanzo, 1946 mpaka 1949, timu ilikuwa ligi nyingine kabisa, AAFC, ikaingia NFL 1950 na mwaka huohuo akaongoza kwa yadi za kukimbia. Kabla hujagawanya chochote cheki kama jedwali lako limejumlisha ile miaka minne, maana mengine yanaanzia 1950.