Jinsi ya Kurekodi Video ya Wanambuzi kwa Simu

Mwanambuzi huruka bila sababu inayoonekana, hujipinda angani, hutua vibaya, kisha huendelea na shughuli zake kana kwamba hakuna aliyemwona. Hicho ndicho watu hukitafuta mtandaoni. Kazi ya anayerekodi ni kuwa tayari jambo hilo linapotokea.

Kwanza, chagua saa. Jua likiwa kali, mbuzi hulala kivulini wakicheua. Asubuhi baada ya kunyonya, au jioni mama zao wanaporudi kutoka malishoni, zizi huchangamka, na mwanga huwa laini kiasi kwamba mbuzi mweupe na mweusi wakisimama pamoja wote huonekana vizuri. Weka gogo au tairi kuukuu katikati ya uwanja, nao watalipanda na kusukumana wenyewe.

Kisha shuka chini. Anayerekodi akiwa amesimama hupata migongo na masikio. Anayechuchumaa, au kulala kifudifudi (nguo zitafuliwa), hupata uso. Mboni ya mbuzi ni mstatili uliolala, umbo linalomwezesha kuona eneo pana pande zote bila kugeuza kichwa, na katika picha ya karibu humpa sura ya mtu anayesikiliza porojo huku akiwaza mambo mengine. Usimfuate. Tulia mahali pamoja, simu ikirekodi, mpaka aje mwenyewe kunusa lenzi, ambayo utalazimika kuifuta.

Sauti za zizini ziache zilivyo, bila muziki. Katika kuhariri, anza muda mfupi kabla ya mruko, na usikate mpaka mwanambuzi asimame tena.

Usimshtue mnyama ili upate kichekesho. Wapo mbuzi wa Tennessee, Marekani, ambao kwa hali ya kurithi misuli yao hukakamaa wakishtuka, wakaanguka wakiwa na fahamu zao. Kuwapigia kelele makusudi ili waanguke ni ukatili, hata watazamaji wakicheka.

Ukikusudia mfululizo wa mnyama mmoja, rekodi mapema na kwa wingi. Waliotengeneza filamu ya Babe ya mwaka 1995 walitumia vitoto vya nguruwe 48 kwa mhusika mmoja, kwa kuwa nguruwe hukua haraka kuliko kazi ya kupiga picha inavyokwenda. Mwenye zizi dogo hana akiba ya namna hiyo, kwa hiyo ahifadhi kila kipande alichorekodi, pamoja na tarehe yake.